Chungu Kimeungua Nje, Chakula Kibichi

Tangu akiwa kwao Tukuyu, na hata baada ya kuhamia Barking kwa binti yake, Bibi Placida hakuwahi kumwacha mtu wa nyumbani mwake atoke safari bila mayai ya kuchemsha. Aliyekwenda Dodoma alipewa. Aliyekwenda kliniki tu akarudi mchana, naye alipewa. Siku binti yake Vaileth alipopanda ndege kuja London kusomea uuguzi, mkoba wake ulifunguliwa pale uwanjani, mayai yakapangwa mezani mbele ya askari, na karatasi ya chumvi pembeni. Askari akayatazama, akamtazama Vaileth, akasema, "Huyu ana mama." Akamrudishia yote.

Basi asubuhi ile ya Jumamosi, Bibi alipoingia jikoni kutia maji ya chai, akakuta mfuko wa mjukuu wake umewekwa tayari kando ya mlango, na juu ya mfuko kopo la biskuti. Akafunua. Ndani mlikuwa na mayai mawili yamelazwa kwenye pamba. Akalitikisa moja sikioni. Bichi!

"Maskini mtoto," akasema peke yake. "Kujua kwamba safari inataka mayai, kajua. Ila kuyachemsha hakujua."

Akayachemsha mpaka yakaiva sawasawa, akayapoza, akayafuta, akayarudisha kwenye pamba yake kama alivyoyakuta. Akasokota chumvi kidogo kwenye karatasi, akaichomeka pembeni. Akafunika. Moyo wake ukatulia, kama unavyotulia moyo wa mtu aliyekwisha kutimiza wajibu wake.

Mjukuu mwenyewe aliitwa Elinaja, nyumbani wakamkata jina wakamwita Naja. Alikuwa na miaka kumi, mwembamba, mwenye maswali. Kiswahili alikisikia chote, hata cha kusengenya, lakini mdomo ukifunguka kilitoka Kiingereza. Isipokuwa kwenye vitendawili. Hapo Bibi alikataa katakata. "Kitendawili cha Kiingereza mimi sitegi wala sitegui," alisema, na kwa kuwa Naja alipenda kumshinda bibi yake kuliko alivyopenda aiskrimu, alijifunga mkanda akategua kwa Kiswahili.

Na Bibi aliposhindwa, ikambidi atoe mji kama ilivyo ada, Naja alitaka mji mmoja tu.

"Nipe Mwezi!"

"Mwezi si mji. Chukua Mbeya."

"Sitaki Mbeya, nataka Mwezi. People have been there, Bibi!"

"Mji hapewi mtu mpaka nijue anajua njia ya kurudi. Chukua Mbeya, ina stendi nzuri."

Huo ndio uliokuwa ugonjwa wa Naja, Mwezi. Tena hakupenda sana zile habari za watu kutua na kuchomeka bendera. Alichopenda yeye ni vile vyombo vya mwanzo kabisa, vilivyotengenezwa kumbeba mtu akauzunguke Mwezi tu, auchungulie kwa nyuma, arudi nyumbani. Alimpeleka bibi yake mpaka makumbusho ya sayansi kule South Kensington, wakakaa kwenye treni karibu saa nzima, ili amwonyeshe kimoja kilichokwenda huko na watu watatu ndani na kurudi. Bibi alikizunguka polepole. Kilikuwa kama chungu kikubwa kilichofunikwa, ngozi yake imeungua na kubabuka kwa moto wa kuingia hewani.

"Na hao watu ndani?" aliuliza.

"Wazima. Hawakuungua hata ukucha."

Macho yakamng'aa Bibi. "Kitendawili!"

"Tega!" alijibu Naja, na wageni wawili wakageuka kuwatazama.

"Chungu changu kimeungua nje, ndani chakula kibichi."

Naja alicheka mpaka akashika tumbo. Hakikuwa na haja ya kuteguliwa. Kilikuwa kimesimama mbele yao.

Lakini chombo chake hasa, cha moyoni, kilikuwa kingine, cha Warusi. Hicho alimsimulia bibi yake wakiwa wanarudi, Kiingereza na Kiswahili vikipigana vikumbo mdomoni. Kiliundwa kibebe watu wawili. Ila kabla ya kuweka watu, mwaka wa sitini na nane, Warusi walitanguliza kobe wawili. Kobe wale wakauzunguka Mwezi, wa kwanza kabla ya mwanadamu yeyote, wakashuka baharini.

"Bahari gani?"

"Ya Hindi, Bibi! Yetu!"

"Kobe wazima?"

"Walikonda kidogo."

"Nani asiyekonda safarini," Bibi alisema. "Hawakufungiwa mayai."

"Lakini chombo kilichofuata," Naja aliendelea, sauti ikashuka, "kilivuja hewa njiani, wanyama wakafa. Na parachuti ikaharibika, kikaanguka chini kikavunjika. Imagine kama wangeweka watu kwa sababu tu kobe wa kwanza walirudi."

Bibi Placida hakusahau maneno hayo.

Sasa, maktaba moja ya mtaani hapo Barking ilikuwa imetangaza mashindano ya watoto ya kuunda vyombo vya kuzunguka Mwezi. Mshindi angepewa nafasi kwenye kambi ya anga ya likizo ya kiangazi, juma zima kulala huko, kuvaa suti, kuzungushwa kwenye mashine mpaka utapike. Nafasi ilikuwa moja tu. Naja alikuwa hata hali chakula vizuri kwa ajili yake. Kwa majuma chumba chake kilinuka gundi. Kilichomo ndani ya chombo hakukionyesha. Alisema ni siri ya serikali. Bibi alijua tu kwamba ni cha kobe wawili, akadhani ni kobe wa udongo.

Vaileth alikuwa zamu kwenye nyumba ya wazee anakofanya kazi, kwa hiyo Bibi ndiye aliyekwenda na mtoto. Alivaa gauni lake la kitenge, koti, soksi nzito, na kiunoni, ndani ya koti, kanga yake ya zamani ambayo hakutoka bila hiyo. Walipofika, jirani yao Mama Nathanaël, Mkongo wa Bukavu mwenye kicheko cha kujaza basi, alikuwa ameshawawekea kiti.

"Bibi! Kuja, ikala hapa! Nathanaël yangu leo anashinda, nakuambia mapema usilie."

"Mimi nalia kitunguu tu, mama. Huyo Nathanaël wako akashike nafasi ya pili, nayo ni nafasi."

"Eeh! Sikiliza huyu bibi!"

Mashindano yalikuwa uani. Juu, kwenye roshani ya ghorofa ya pili, lilining'inizwa tufe kubwa jeupe. Huo ndio Mwezi. Chini, sakafuni, lilichorwa duara la bluu kwa chaki. Hiyo ndiyo bahari. Mtoto atapanda na chombo chake, atalizunguka tufe huku watu wote wakipiga kelele, halafu atakiachia kutoka ukingoni. Mwamuzi alikuwa Margaret, mama mzee wa Kiingereza aliyewahi kuwa injinia wa ndege, mrefu, viatu vya matope, sauti kama kengele.

Margaret akasimama akaeleza sheria, na Mama Nathanaël akamtafsiria Bibi sikioni. Atakayewashusha abiria wake bila kumwagika ndiye mshindi. Wakifaulu wengi, atashinda aliye karibu zaidi na katikati ya bahari.

"Bila kumwagika?" Bibi aliuliza. "Abiria gani anamwagika?"

"Mayai, Bibi! Abiria ni mayai. Kila mutoto amekuja na yake."

Bibi Placida akaikumbuka sufuria yake.

Akageuka kumtafuta Naja. Naja alikuwa keshapanda ngazi, kopo la biskuti kwapani. Alionekana kule juu amechuchumaa, kalamu mkononi, anayachora mayai yake magamba ya kobe. Bibi akainuka, akapunga mkono. Naja akapunga wake kwa furaha. Bibi akaita, "Naja! Mwanangu, ngoja kidogo!" lakini hapo hapo chombo cha kwanza kikaachiwa, ua mzima ukapiga yowe, na yai la mtu likatapakaa bahari nzima.

Vikafuata vingine. Kimoja kilipasuka kama tikiti. Kimoja kilidunda kikamrukia Margaret kifuani. Cha Nathanaël, cha mtindo wa Wamarekani, kilishuka vizuri, mayai yake pekee yakiwa salama mpaka hapo, ila upepo ulikipeleka mpaka kwenye maua, mbali na bahari. Mama Nathanaël akaruka juu. "Minasema! Minasema mimi!"

Kisha akasimama Naja, akiwa na chombo chake kama ndoo ndogo ya fedha, na juu yake parachuti ya rangi nyekundu inayowaka. Bibi akaitambua ile rangi. Ilikuwa kanga mpya aliyomletea mtoto kutoka nyumbani. Imekatwa!

Naja akalizunguka tufe. Watu wakapiga kelele. Akakiachia.

Parachuti haikufunguka. Ilibaki imekunjamana kama bahasha, na chombo kikaja chini kama jiwe, kikapiga katikati kabisa ya bahari, paa! Watu wakaguna. Naja kule juu akaziba uso kwa mikono yake.

Margaret akapiga magoti, akakifungua bila haraka, kama anayefunua maiti. Akatoa yai la kwanza. Ganda lilikuwa limepasuka pande zote, lakini hakuna hata tone. Akatoa la pili. Vilevile. Akayainua juu.

Ua ukalipuka. Naja akashuka ngazi akiruka tatu tatu, akamkumbatia bibi yake kiunoni, akawa anaruka naye. "Bibi! Katikati! Wamerudi! I'm going to camp! Bibi, naenda kambini!"

Bibi alimshika kichwa, na furaha ya mtoto ikampita mikononi kama maji ya moto. Hakuna aliyejua. Margaret mwenyewe alikuwa anayageuza mayai yale kwa mshangao, akamwuliza Naja amewafungia abiria wake kwa kitu gani, maana anguko lile lingeua tembo, naye angependa kujifunza.

"Sponji tu," Naja alijibu, amevimba kwa fahari.

Bibi akaitazama ile parachuti iliyokunjamana sakafuni. Akawakumbuka kobe waliorudi, na wale waliofuata. Akajua kwamba kama atanyamaza, mtoto ataondoka hapa akiamini kwamba chombo chake ni kizima. Akajua pia kwamba akifungua mdomo, kambi inakwenda kwa mtoto wa jirani, na aliyeipeleka huko ni yeye na sufuria yake. Akainama.

"Kitendawili," alinong'ona.

"Sasa hivi? Tega, tega!"

"Chungu changu hakijaungua, ndani chakula kimeiva."

Naja alicheka, kisha akaacha. Bibi aliona jibu likiingia machoni mwake taratibu. Mtoto akayatazama mayai mkononi mwa Margaret. Akatia mkono mfukoni, akatoa ile karatasi ya chumvi aliyoikuta kwenye kopo na asijue ni ya nini.

"Bibi. Umewapika?"

"Nimewapika."

"Umepika kobe wangu!"

"Niliona mfuko, nikaona mayai. Nani anasafiri na mayai mabichi, mwanangu? Nisamehe. Nilidhani nakufungia safari."

Machozi yakamlenga Naja, na kwa kitambo Bibi alidhani atakimbia. Akasimama akiminya ile chumvi. Akaitazama parachuti yake, akamtazama Nathanaël ambaye alikuwa anakokota chombo chake kutoka mauani kichwa chini.

"So we don't know," alisema mwishowe, kama anasema peke yake. "Hatujui kama wangerudi."

"Hatujui."

Naja akafuta pua kwa mkono wa sweta, akamwendea Margaret mbele ya watu wote. Bibi akamfuata nyuma, maana kosa lilikuwa la mikono yake na hakutaka mtoto alibebe peke yake. Naja alieleza. Margaret akachukua yai moja, akaligonga kwenye ukingo wa kiti, akalimenya. Jeupe, gumu, safi, kama la kuwekwa kwenye pilau.

Mara kikasikika kicheko. Mama Nathanaël alikuwa ameshika mbavu, anayumba, machozi yanamtoka.

"Bibi! Weye umechemsha cosmonaute! Yesu wangu! Umetuma maiti mbili ku Mwezi!"

Ua mzima ukaangua kicheko, hata Margaret, hata Naja akiwa bado na machozi. Na mama yule yule, akijipepea, akamgeukia mwamuzi. "Madame, mupatie huyu mutoto nafasi ingine. Mutoto amesema ukweli. Nathanaël yangu hataki kushinda yai ya kuchemsha, si ndiyo, Natha?"

Nathanaël alifikiri kidogo, kisha akaitikia kwa kichwa, kama mtu anayeng'olewa jino.

Naja akayageuza maneno yale Kiingereza, na Margaret akakubali. Spea za mayai zipo, trei nzima. Muda wa chai moja, halafu Naja arudie, na sheria ni zile zile.

Naja akaiokota parachuti, akaikung'uta. "Kwa nini haikufunguka? Nyumbani niliikunjua kwa mkono, ikakunjuka."

Bibi aliishika, akaisugua kati ya vidole. Ikalia kwaru kwaru, kama karatasi.

"Mama we. Hii umeifua?"

"Hapana. Ilikuwa mpya. Sikutaka rangi itoke."

"Kanga mpya ina wanga, Naja. Haijaonja maji. Ukiikunja inabaki imekunjwa kama mzee aliyenuna. Kanga inataka ifuliwe, ivaliwe, ianikwe, igombane na sabuni, ndipo inajua kulegea."

Akafungua koti. Ile kanga ya kiunoni ilikuwa imepauka mpaka rangi ya mwanzo ikawa habari ya kusimuliwa, laini kama sikio la mbuzi. Vaileth alilelewa mgongoni ndani ya kanga hiyo. Bibi akaifungua, akaileta mdomoni, akatia jino ukingoni.

"Bibi, no! Hiyo ni yako!"

"Nyamaza, muda wa chai si mrefu." Akavuta. Praaa! Kanga ikapasuka katikati, na maandishi yake yakabaki nusu upande huu: NENDA URUDI.

Wakafunga kamba wote wawili, Bibi mafundo, Naja urefu. Sponji ikarudishwa, ganda la fedha likazungushiwa selotepu palipobonyea. Naja akachagua mayai mawili kwenye trei, akayachora magamba upya. Kabla ya kuyafunika, akayaleta sikioni mwa bibi yake, akayatikisa moja moja.

"Sikiliza mwenyewe."

"Bichi," alisema Bibi. "Bichi kabisa."

Akapanda. Naja akainua chombo, akaanza kulizunguka tufe, na mara hii Mama Nathanaël ndiye aliyeanza kelele, na mwanawe akaitikia, na ua mzima ukapokea. Bibi Placida hakuweza kukaa wala kusimama. Alijikuta ameshika mkono wa jirani yake anaukamua kama nguo.

Naja akakiachia.

Kwanza kikaja kama jiwe, na moyo wa Bibi ukaja nacho. Kisha kanga ya zamani ikavuta pumzi. Ikajaa, puu, ikatanuka juu ya ua ikiwa imepauka na nzuri, NENDA URUDI yakisomeka tokea chini, na chombo kikaanza kuyumba taratibu kama mtoto mgongoni. Upepo ukakisukuma kuelekea mauani. "Rudi!" alipiga kelele Bibi. "Rudi huku, we!" Kikayumba, kikasita, kikashuka juu kabisa ya mstari wa chaki, nusu baharini, nusu nchi kavu.

"Imeloana!" Mama Nathanaël akaamua kabla ya mwamuzi. "Mutu akiloana miguu, amefika mu bahari!"

Margaret alipiga magoti, akapima kwa jicho, akaitikia. Bahari. Lakini bado abiria. Akaomba bakuli, likaletwa la jikoni kwa maktaba. Yai la kwanza lilikuwa zima, halina alama. La pili lilikuwa na ufa mwembamba kama unywele, lakini halijatoa hata jasho. Naja alikuwa keshafika chini, hana pumzi. Margaret akampa la kwanza, alivunje mwenyewe.

Naja akaligonga. Kiini kikateremka ndani ya bakuli, cha manjano, cha mviringo, kinatikisika.

"Kibichi!" Naja alipiga kelele. Akalivunja la pili. "Kibichi! Bibi, kibichi!"

"Kibichi!" akaitikia Mama Nathanaël, na watoto wakaipokea, na watu ambao hawakujua neno hata moja la Kiswahili wakawa wanalipigia makofi, "Kibichi! Kibichi!" Bibi Placida akatupa mikono juu, akapiga kigelegele ambacho njiwa wote wa Barking walikisikia, wakaondoka.

Nafasi ya kambi ikawa ya Naja. Vaileth alipopiga simu wakati wa mapumziko yake, alisikia tu kelele na mtu anayesema kwamba abiria wamevunjwa na wote wako salama. Hakuelewa kitu.

Baadaye wakakaa, wao na Nathanaël, kwenye benchi nje ya maktaba wakimsubiri Mama Nathanaël anunue chai. Naja alikuwa na yale mayai ya kwanza, lile alilolimenya Margaret pamoja na la pili lililopasuka ganda. Akalimenya la pili, akampa Nathanaël moja, la kwake akaligawa katikati na bibi yake. Akafungua ile karatasi, akanyunyiza chumvi.

"Hawa nao walisafiri," alisema, akitafuna. "Kitendawili."

"Tega."

"Ilimbeba mama mgongoni, ikawabeba kobe hewani."

Bibi Placida alijipapasa kiunoni, pale palipokuwa na nusu tu ya kanga. Akatazama juu, akakuna shavu, akaguna kama mtu aliyezidiwa kabisa.

"Hiki kigumu. Nimeshindwa. Chukua mji."

"Mji gani?" Naja aliuliza, akijiandaa kukataa Mbeya.

"Chukua Mwezi."

Naja aliacha kutafuna. Akapanda juu ya benchi, na chumvi mdomoni, akatangaza kwa Kiswahili mpaka watu wa kituo cha basi wakageuka:

"Mwezini nilikwenda! Nikauzunguka, nikauona mgongo wake, sikulala, nikarudi. Jibu ni kanga ya Bibi!"